Kesho ya Ireri

Jumatatu, 2 Julai 2001

Chaki zimeisha tena. Nimefundisha Kidato cha Tatu kwa vipande vidogo kama punje za mahindi.

Ile katoni ya vitabu vya msaada imefunguliwa leo hatimaye. Vitabu vitatu vya kuteleza kwenye theluji. Kimoja cha magonjwa ya ng'ombe wa nchi za baridi. Na kimoja cha historia ya nchi ndogo ya Ujerumani iliyoitwa Reuss. Sikuwahi kuisikia. Naona ingeingia katika wilaya yetu ya Mbeere na nafasi ikabaki. Ilitawaliwa na ukoo mmoja karne nyingi, na wanaume wote wa ukoo huo waliitwa Heinrich. Wote. Mtawala, mdogo wake, binamu zake. Wakatofautishwa kwa namba kama ng'ombe wa josho. Tawi moja lilihesabu mpaka mia likaanza tena na moja.

Nimecheka peke yangu katika chumba cha walimu. Nitakipeleka kwa Chama cha Historia. Siku ya Wazazi ni tarehe kumi na nne na hatuna cha kuonyesha.

Nyumbani, watu wa kesi ya mpaka wa shamba. Baba, kama chifu, amewasikiliza tangu saa nne mpaka jua likageuka. Mwisho akawaambia yale yale, "Njooni kesho." Jioni akaja jikoni. Nilikuwa nimekaa kwenye kigoda cha nyanya nikichambua ndengu. Akanisimulia kesi nzima na kuniuliza ningefanyaje. Nikamwambia. Akaguna, akala, akaenda zake.

Ndio utaratibu wetu tangu nirudi kutoka Kanyakine, kule Meru nilikoolewa. Miaka tisa. Ripoti yake ya mwezi nayo nimeiandika mimi. Yeye ametia sahihi.

Jumatano, 4 Julai

Tangazo limebandikwa kwenye mlango wa ofisi ya mkuu wa tarafa, D.O. Baba anastaafu mwisho wa Agosti. Nafasi ya chifu wa lokesheni iko wazi. Maombi yafike kabla ya Ijumaa ya tarehe ishirini. Nimelisoma mara tatu. Limesema Mkenya yeyote mwenye cheti cha Kidato cha Nne na tabia njema.

Hapa hakuna anayelisoma. Wote wanajua ni Ireri, kaka yangu. Babu alikuwa chifu wakati wa mkoloni, Baba akashika muda mfupi baada ya Uhuru, sasa zamu ni ya Ireri. Hata mwenye kibanda cha muguka, yale majani ya kutafuna, ameniuliza Chifu Ireri anahamia lini.

Naandika hapa kwa kuwa hakuna atakayesoma. Nakitaka kiti hicho mimi.

Jumamosi, 7 Julai

Wazee wamekuja nyumbani. Mbuzi amechinjwa. Ireri amefika kutoka Makutano, kule Meru, ambako ana duka la vipuri vya magari. Amevaa viatu vya kung'aa. Nimepika, nimepakua, nimeosha, nimesikia kila neno.

Wamemsifu Babu Ireri kwa saa nzima. Jinsi ambavyo hakuhukumu kwa hasira. Kila kesi aliisikiliza mpaka mwisho kisha akasema njooni kesho, na kesho yake neno lake halikuwa na kona. Mpaka leo hapa mtu mwenye subira huambiwa ana kesho ya Ireri. Mzee Nthiga ndiye aliyesifu kuliko wote. Alikuwa askari kanga wa Babu, mlinzi na tarishi wake, akiwa kijana. Sasa ana meno mawili na ubishi wa watu kumi.

Nilipoleta chai nikasema, kama mzaha, kwamba tangazo linasema Mkenya yeyote. Wakacheka. Nthiga akachota tumbaku. "Ata wewe? Mwanamke ameolewa Meru akarudi, sasa anataka kuketi juu ya wanaume? Leta sukari."

Nikaleta sukari. Nilitamani nimmwagie.

Baba hakucheka. Hakusema kitu pia. Hilo ndilo limeniuma.

Ireri akanifuata jikoni. Kaka yangu mpenzi, mwoga kama kuku. "Sista, mimi na hiyo kazi hapana. Nani atanikalia duka? Na kesi za watu zinaniumisha kichwa." Nikamwambia basi awaambie wazee. Akasema atawaambia. Amekula, amepanda gari lake, ameondoka. Hajawaambia.

Jumatatu, 9 Julai

Chama cha Historia baada ya masomo. Wanafunzi kumi na sita. Wamekipenda kitabu cha Reuss kuliko nilivyotarajia, kwa sababu ya namba. Wavulana wameanza kuitana Heinrich wa Nne na Heinrich wa Kumi na Tisa. Tumekubaliana kuchora ukoo wote kwenye kitambaa kikubwa na kukitundika Siku ya Wazazi. Shule haina kitambaa. Nimetoa shuka yangu moja. Nilirudi nazo mbili kutoka Kanyakine, na sanduku. Ndoa ya miaka minane.

Nikawasomea habari za mtawala wa mwisho wa lile tawi lililohesabu mpaka mia. Aliugua akiwa mdogo, hakuweza kutawala kamwe. Alikuwa na dada watano. Nchi ikakabidhiwa jamaa wa kiume wa tawi lingine, Heinrich mwingine, aitunze.

Wambeti akainua mkono. Msichana wa Kidato cha Tatu, mwembamba, haulizi mara nyingi. "Mwalimu, na wale dada watano walikuwa wagonjwa pia?"

Nikasema hapana. Sheria yao tu. Akaandika. Nikafungua ukurasa mwingine haraka.

Jumanne, 10 Julai

Nimeandika barua ya maombi. Saa ya mapumziko, kwa mwandiko wangu bora. Kurasa mbili. Inataka wadhamini watatu. Mchungaji amekubali. Mwalimu mkuu amekubali, kisha akaniuliza kama nina homa. Mstari wa tatu nimeuacha wazi. Lazima awe mzee anayeheshimiwa wa lokesheni. Siwezi kumpata mzee bila Baba kujua.

Na sitaki kupita nyuma ya Baba. Nakula mezani kwake. Akinikatalia, sitaipeleka. Nimejiapia hivyo, na nimejikasirikia kwa kujiapia.

Barua nimeificha ndani ya kitabu cha Reuss. Hakuna mahali salama zaidi. Nani mwingine atakifungua?

Jumatano, 11 Julai

Nimejaribu kumwambia. Kesi ya leo ilikuwa ya mwanamke aliyenyimwa maji ya kisima cha shemeji yake. Baba aliposema njooni kesho, nikapanga maneno yangu. Akaja jikoni, akauliza, nikajibu kuhusu kisima. Yangu sikuyatoa. Mimi niliyemwita Ireri kuku!

Alhamisi, 12 Julai

Nimewafokea watoto wa watu. Naona haya hata kuandika.

Nilikuwa nimewaachia shuka, rangi na ukoo niliounakili kutoka kitabuni, mchana kutwa. Jioni nikaingia darasani kuona. Kila Heinrich yupo, namba sawa, taji la njano juu ya kichwa. Lakini katikati ya kila Heinrich na Heinrich anayemfuata wameweka duara jeupe. Duara tupu. Ukoo wote umekuwa mrefu mara mbili. Mtawala, duara, mtawala, duara, mpaka chini.

Nikauliza ni nini hiki. Wambeti akajibu kana kwamba mimi ndiye mwanafunzi. "Mwalimu, hii ya kitabu haiwezekani. Mtu hawezi itwa jina ya baba yake na baba bado anakula. Huyu Heinrich ni mjukuu ya huyu. Katikati kuna mwenye wamesahau."

Kwetu mtoto wa kwanza wa kiume hupewa jina la babu yake, na msichana wa kwanza jina la nyanya yake, wazazi wa baba. Jina huruka kizazi. Ndiyo maana kaka yangu ni Ireri kama chifu wa kwanza, na mimi ni Ciarunji kama mkewe. Ndiyo maana Baba huniita Mama tangu nikiwa mchanga. Watoto wameusoma ukoo wa Wajerumani kwa macho ya nyumbani kwao. Hakuna kosa la kawaida kuliko hilo.

Lakini nilifoka. Kwamba hawasomi, kwamba wameharibu shuka, kwamba rangi imeisha na wageni wanakuja Jumamosi. Mmoja akaanza kulia. Wambeti hakulia. Akasema polepole, "Basi labda huyo wa katikati alikuwa msichana." Nikawaambia waende nyumbani.

Nikabaki nayo ile shuka. Nikaitazama mpaka madirisha yakaanza kuwa meusi. Sina shuka nyingine ya kutoa. Itatundikwa hivyo hivyo.

Ijumaa, 13 Julai

Nimewaomba radhi wanafunzi. Wamenisamehe haraka mno, wananihurumia.

Baba ameuliza afike shuleni saa ngapi. Yeye ndiye mgeni wa heshima. Nimempigia pasi koti la kaki. Hotuba nimeandika mimi.

Jumamosi, 14 Julai

Siku mbaya. Au nzuri. Sijui bado.

Baba amefika na Mzee Nthiga. Wamepitishwa kwenye maonyesho. Udongo wa aina tano, tezi ya ng'ombe ndani ya chupa, kisha ukuta wetu. Wambeti alikuwa zamu. Akamweleza Baba habari za nchi ile, namba, mia na kurudi moja. Baba akafurahi. Akauliza kama na wao walichagua machifu kwa tangazo. Watu wakacheka.

Kisha akaweka fimbo kwenye duara. "Na huyu?"

"Ni mtu kitabu ilisahau, Chifu. Lakini lazima alikuwa. Jina haiwezi ruka bila mtu."

"Alikuwa anafanya nini?"

Wambeti akafikiri. "Kazi, nafikiri."

Baba hakuondoa fimbo. Mwalimu mkuu akakohoa. Nthiga akageuza uso kutazama nje, kitu ambacho sikuwahi kumwona akifanya, maana Nthiga hutazama watu usoni mpaka wakimbie. Mwishowe Baba akasema asante, mtoto wangu. Hotuba yangu hakuisoma. Aliikunja akaitia mfukoni, akawaambia wazazi walipe ada na watoto wasome, akaketi. Dakika moja.

Akiondoka akaomba kitabu. Anataka kutazama picha za majumba. Nikampa. Mwenyewe, kwa mikono yangu miwili, nikiwa na tabasamu.

Nimefika nyumbani ndipo nikakumbuka barua.

Jumapili, 15 Julai

Kanisani amekaa safu ya mbele kama kawaida. Kitabu kiko mezani kwake chumbani, mlango umefungwa. Chakula amekula. Kimya kingi kina mshindo, na mimi ndiye nitakayeangukiwa.

Jumatatu, 16 Julai

Watu walikuja na kesi. Baba akawaambia hasikilizi leo. Haijawahi kutokea. Jikoni hakuja.

Nimechambua ndengu zilizokwisha kuchambuliwa.

Jumanne, 17 Julai

Ameondoka asubuhi kwa miguu, koti la kaki, kitabu kwapani. Hakusema aendako. Nimefundisha vibaya siku nzima. Nimeandika mwaka mmoja mara mbili ubaoni, na wanafunzi wamenyamaza kwa adabu. Wamejua kuna jambo.

Nikajiambia hivi. Akinikatalia, nitabaki hapa hapa, nitaandika ripoti za chifu mpya kama Ireri atakubali, au nitaacha hata kuziandika. Nitafundisha. Nitakuwa salama. Nimejiambia mara nyingi na haikunituliza hata mara moja.

Jumatano, 18 Julai

Nataka kuandika hili lote kabla sijalisahau namna lilivyosemwa.

Baba alikuja jikoni jioni. Hakuwa na kesi. Akasimama mlangoni akakitazama kigoda nilichokalia, akasema kwa Kimbeere, "Hicho kilikuwa kinakaa nyuma ya ua."

Kisha akasema mengine. Babu hakuwa na subira yoyote. Alikuwa mtu wa kuwaka. Kesi zikisikilizwa uani, nyuma ya ua wa miti nyanya alikaa kwenye kigoda hiki akipepeta mwele, akisikia yote. Wakiambiwa njooni kesho, Babu aliingia ndani akamwuliza mkewe. Asubuhi akatoka na neno. Aliyepeleka kile kigoda nyuma ya ua na kukirudisha ndani alikuwa yule askari kanga kijana. Nthiga.

Baba alijua tangu utotoni. Aliona. Naye akapewa kofia ya uchifu akaiga maneno yale yale, njooni kesho, na Mama yetu alipokuwa hai alimwuliza Mama, na niliporudi akaniuliza mimi. Akasema miaka thelathini na kitu amewasikia watu wakimsifu Ireri na yeye ameitikia. "Yule mtoto wa shule amenionyesha mama yangu ukutani. Hakuna hata jina."

Nililia. Sikujificha. Yeye akatazama sufuria.

Halafu akatoa barua yangu ndani ya kitabu. Ameisoma, akasema, na kuna mahali nimerudia neno. Kwenye mstari wa tatu wa wadhamini kulikuwa na alama ya kidole gumba, wino wa buluu, na chini yake jina lililoandikwa na Baba kwa herufi kubwa. NTHIGA.

Alikwenda kwake jana kwa miguu. Walibishana tangu asubuhi mpaka uji wa saa kumi. Nthiga alikataa, akakataa, akasema mwanamke, akasema Meru, akasema watacheka. Baba akamwuliza swali moja tu. Kigoda kile ulikuwa unambebea nani?

Nthiga akaomba wino.

Ijumaa, 20 Julai

Nimepeleka. Karani wa D.O. ameigonga muhuri bila kunitazama, kisha akanitazama.

Baba amempigia Ireri simu kutoka kwenye kibanda cha sokoni. Nilisikia kicheko cha kaka yangu kikitoka kwenye mkonga wa simu. Cha mtu aliyetuliwa gunia. Amesema ataninunulia viatu vya usaili. Nimemwambia visiwe vya kung'aa.

Sokoni wamekwisha kujua. Wanawake watatu wamenishika mkono. Mwanamume mmoja amesema kwa sauti ili nisikie kwamba sasa mbuzi watachunga watu. Nimemwamkia vizuri. Nitakuwa chifu wake, Mungu akipenda, ni vema tuanze kwa salamu.

Alhamisi, 2 Agosti

Usaili. Wanaume watano na bilauri ya maji. Tulikuwa waombaji wanne. Mwenye nguvu zaidi ni sajini mstaafu, mtu mpole, alinipisha kwenye benchi.

Wakaniuliza sheria, nikajibu. Wakauliza pombe haramu, nikajibu. Wakauliza kama nitaweza kutembea lokesheni yote. Nikasema natembea kilomita saba kwenda shule na saba kurudi, na nina madaftari kichwani. Mmoja, mwenye kitambi, akauliza je, nikiolewa tena? Nikamwambia nilishaolewa, njia ya kwenda naijua na ya kurudi naijua. Wawili wakaangalia meza.

Wa mwisho akauliza nina uzoefu gani wa kusuluhisha kesi. Nilikuwa nimepanga kusema kidogo, kwa unyenyekevu. Nikasema miaka tisa.

Nje Baba alikuwa ameketi hotelini na vikombe viwili vya chai. Changu kilikuwa kimepoa. Nimekinywa chote.

Jumapili, 12 Agosti

Bado kimya. Shule zimefungwa. Wambeti amepita kunirudishia shuka. Ameifua, rangi haikutoka. Akaniuliza kama aandike majina kwenye maduara. Nikamwambia hatuyajui, tusiwabandikie watu majina. Akasema sawa, lakini angalau tumewaachia nafasi.

Nimeitandika kitandani kwangu. Watawala na wenzao wa maduara, wamelala.

Alhamisi, 23 Agosti

Barua imekuja. Nimepata.

Siandiki zaidi.

Jumapili, 2 Septemba

Siku ya pili kazini, ingawa Jumapili si kazi. Baada ya kanisa walikuja watu wawili, majirani, na hasira zao. Kwa mazoea wakamwendea Baba, aliyekuwa uani bila koti, anatengeneza mpini wa jembe. Naye kwa mazoea akawasikiliza. Nilikuwa jikoni nachambua ndengu, nikisikia yote.

Walipomaliza, akasema, "Njooni ke—" Akauweka mpini chini.

Akaja jikoni. Akaniambia nisimame. Akakichukua kigoda, akapita nacho nyuma ya ua, akakiweka mbele, penye kivuli, mahali alipozoea kukaa yeye. Akakipangusa maganda kwa kiganja.

"Ketini," akawaambia. "Mwenyewe yupo."

Kisha akarudi kwenye mpini wake. Nikakaa. Ilikuwa kesi ya mbuzi.